Maziwa ya soya badala ya maziwa ya ng'ombe: namna ya kuchagua, kupika na kunywa

Kabla ya kubadili, jiulize maziwa ya ng'ombe yalikuwa yanakupa nini. Kwa mtu anayeyanywa kila siku, jibu ni protini, kalsiamu, vitamini B12, vitamini B2 na ayodini, na pale yanapoongezewa kiwandani, vitamini D pia. Soya kama ilivyovunwa inaleta kimoja tu kati ya hivyo kwa kiwango cha kutosha, nacho ni protini. Vingine vinategemea kiwanda kimeongeza nini au wewe unakula nini zaidi. Makosa mengi ya wanaohamia soya yanaanzia hapo: wanabadilisha kikombe kwa kikombe, rangi nyeupe kwa rangi nyeupe, na hawaulizi kilichopungua.

Jina nalo linachanganya. Mwaka 2017 Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya iliamua kwamba neno "maziwa" sokoni ni la kile kinachokamuliwa kutoka kwa mnyama, ndiyo maana pakiti nyingi husema "kinywaji cha soya". Hapa tutasema maziwa ya soya, kama watu wanavyosema. Ila ukikutana na pakiti ya "kinywaji chenye soya", isome mara mbili, kwa sababu huenda soya imo kidogo sana.

Hatua ya 1: Jua unayaacha maziwa kwa sababu gani

Ikiwa tatizo ni tumbo kujaa gesi, kunguruma na kuharisha baada ya kunywa maziwa, huenda mwili hauna kimeng'enya cha kutosha cha kuvunja laktosi, yaani sukari ya maziwa. Hali hii ni ya kawaida: karibu theluthi mbili ya watu wazima duniani uwezo wao wa kuisaga laktosi umepungua. Maziwa ya soya hayana laktosi kabisa, kwa hiyo yanafaa. Lakini si lazima uache kila kitu. Wengi wenye hali hii huvumilia mtindi, jibini gumu, na hata kikombe kimoja cha maziwa wakikinywa pamoja na chakula.

Mzio wa maziwa ni jambo jingine. Huo ni mwili kupigana na protini ya maziwa: vipele, midomo kuvimba, kutapika, pumzi kubana. Hapa hata tone ni hatari, na soya huwa mbadala mzuri kwa wengi ila si kwa wote. Kati ya watoto wenye mzio wa maziwa wa aina inayojitokeza haraka, takriban mmoja kati ya kumi anaikataa soya pia. Jaribio la kwanza kwa mtoto wa namna hiyo lifanywe kwa ushauri wa daktari.

Kama sababu ni kolesteroli, soya ina la kukupa, ingawa ni dogo kuliko matangazo yanavyodai; tutalifikia. Na kama umeacha vyakula vyote vya wanyama, tilia mkazo sehemu ya vitamini B12 hapa chini kuliko sehemu nyingine yoyote.

Hatua ya 2: Geuza pakiti, soma nyuma

Picha ya mbele haina maana. Tazama jedwali la virutubisho kwa kila mililita 100, kisha orodha ya viambato.

Protini kwanza. Pakiti nzuri ina gramu 3 au zaidi kwa mililita 100, yaani gramu 7 hadi 8 kwa kikombe cha mililita 240. Hicho ni karibu sawa na maziwa ya ng'ombe, na ubora wa protini ya soya hauko mbali sana na ule wa maziwa. Vinywaji vya lozi au mchele kwa kawaida vina gramu 1 au pungufu kwa kikombe; kwa upande wa protini, soya haina mpinzani kati ya vile vya mimea vilivyozoeleka, ukiondoa vilivyotengenezwa kwa protini ya njegere. Ukiona chini ya gramu 2 kwa mililita 100, unalipia maji.

Kalsiamu inafuata. Maziwa ya ng'ombe yana takriban miligramu 120 kwa mililita 100. Soya isiyoongezewa ina sehemu ndogo tu ya hapo, mara nyingi miligramu 25 au chini yake. Kwa hiyo tafuta pakiti iliyofikisha 120. Kisha kuna jambo ambalo wengi hawalijui: kalsiamu iliyoongezwa ni unga laini unaotuama. Usipotikisa pakiti kwa nguvu kila unapomimina, unakunywa maji ya juu na kutupa kalsiamu pamoja na pakiti. Sekunde kumi za kutikisa zinatosha. Ukimaliza pakiti na kukuta tope jeupe chini, hukutikisa.

Vitamini B12 haimo katika soya hata chembe. Mtu mzima anahitaji mikrogramu 2.4 kwa siku. Anayekula nyama, samaki au mayai ataipata huko. Asiyekula chochote cha mnyama anahitaji pakiti iliyoongezewa au vidonge. Upungufu wake huja polepole, kwa miaka, kisha huleta upungufu wa damu na ganzi za miguu ambazo nyingine haziponi. Vitamini D, B2 na ayodini nazo ziangalie. Ayodini ndiyo inayosahauliwa na viwanda vingi. Kama chumvi yako ya nyumbani ina madini joto, una nafuu.

Bidhaa za kilimo hai mara nyingi haziongezewi chochote, kwa kuwa kanuni za kilimo hai za Ulaya, kwa mfano, zinabana sana uongezaji wa vitamini na madini. Watu huichagua pakiti hiyo wakidhani ni bora kiafya. Kwa anayetafuta mbadala wa maziwa, ndiyo dhaifu zaidi rafuni.

Sukari sasa. Maziwa ya soya yasiyotiwa sukari huwa na gramu 1 au chini kwa mililita 100. Yenye ladha ya vanila au chokoleti yanaweza kuzidi gramu 5, maana yake kikombe kimoja kina vijiko vitatu vya chai vya sukari. Shirika la Afya Duniani linashauri sukari ya kuongezwa isizidi asilimia 10 ya nishati ya siku, karibu gramu 50 kwa mtu mzima, na ikiwezekana nusu ya hapo. Vikombe viwili vya chokoleti vinaweza kumaliza hiyo nusu. Hata hivyo usiwe mkali kupita kiasi: maziwa ya ng'ombe yenyewe yana sukari yake ya asili, kama gramu 4.7 kwa mililita 100, kwa hiyo soya yenye gramu 2 hivi za kurekebisha ladha haimdhuru mtu mzima mwenye afya.

Viambato kama lesithini au jelani visikutishe. Kazi yake ni kuzuia mafuta na maji visitengane.

Tahadhari moja kuhusu soya ya unga ya kukoroga. Nyingine ni soya kamili iliyopikwa na kukaushwa, nyingine ni sukari yenye harufu ya soya. Piga hesabu ya protini kwa glasi iliyokwisha kukorogwa, wala usitazame gramu 100 za unga mkavu ambazo hakuna mtu anayezinywa.

Hatua ya 3: Ukitaka kutengeneza mwenyewe

Maziwa ya nyumbani yana protini nzuri na hayana sukari. Kalsiamu, B12 na D hayana, kwa hiyo yahesabu kama supu ya kunde iliyochujwa vizuri, na hivyo virutubisho vitafute kwingine.

Kwa lita moja hivi unahitaji gramu 100 hadi 120 za soya kavu (zaidi kidogo ya nusu kikombe), lita 1 ya maji safi mbali na ya kulowekea, blenda, kitambaa cha kuchujia chenye nyuzi za karibu, na sufuria ya angalau lita 3. Ukubwa huo wa sufuria una sababu yake.

Chambua. Toa zilizovunjika, zilizosinyaa, na zote zenye ukungu. Sumukuvu haiondolewi na moto wa kawaida wa jikoni. Zilizopasuka siku nyingi mafuta yake yameshapigwa na hewa, na maziwa yatakuwa machungu.

Osha, kisha loweka kwenye maji mara tatu ya ujazo wake. Penye ubaridi acha saa 8 hadi 12; penye joto saa 6 hadi 8 na ubadili maji mara moja katikati, au uweke kwenye friji usiku kucha. Ukiona povu juu na harufu ya kuchacha, umechelewa. Kipimo chake: pasua punje moja. Nyuso za ndani zikiwa bapa na rangi moja, imeiva kwa kusagwa. Zikiwa zimebonyea katikati, bado. Gramu 100 zitakuwa zimefika 220 au zaidi. Maji ya kulowekea yamwage, usiyaonee huruma. Yana sehemu ya sukari ziitwazo rafinosi na stakiosi, ambazo utumbo wetu hauna kimeng'enya cha kuzivunja. Bakteria wa utumbo mpana huzila na kutoa gesi. Ni ileile sababu ya maharage kumfedhehesha mtu mbele za watu.

Ukiwa na muda, sugua punje kwa viganja ndani ya maji. Maganda yataelea na utayamimina. Maziwa yatakuwa laini zaidi, lakini hata ukiyaacha hakuna kitakachoharibika.

Harufu ya ubichi ndiyo inayowafanya wengi kuikataa soya maisha yao yote, na huzalishwa na wewe mwenyewe pale unaposaga. Ndani ya punje kuna kimeng'enya kiitwacho lipoksijenasi. Punje ikiwa nzima, kimeng'enya kiko mbali na mafuta. Ukiisaga kwenye maji baridi, vinakutana, hewa inaingia, na ndani ya sekunde chache harufu imeshazaliwa. Kuichemsha baadaye hakuiondoi yote. Dawa ni kukiua kimeng'enya kabla au wakati wa kusaga. Njia mbili zinajulikana tangu miaka ya 1960 na 1970: ile ya Chuo Kikuu cha Cornell, kusaga kwa maji ya moto yanayozidi nyuzi 80 za Selsiasi, na ile ya Chuo Kikuu cha Illinois, kuchemsha punje nzima kwanza kwenye maji yenye bikaboneti ya soda kidogo, ile inayotumika kuokea keki.

Nyumbani zichanganye. Tumbukiza soya iliyolowekwa kwenye maji yanayochemka yenye nusu kijiko cha chai cha bikaboneti kwa lita. Acha dakika 5, mwaga, suuza kwa maji ya moto, kisha saga papo hapo kwa maji ya moto. Usizidishe muda: ukizichemsha nusu saa kabla ya kusaga, protini hushikana ndani ya punje, hubaki kwenye machicha, na unachopata ni maziwa mepesi kama maji ya mchele. Bikaboneti ikizidi, ladha inakuwa ya sabuni na vitamini B1 inapungua.

Kusaga kwa maji ya moto kuna hatari yake. Mvuke huinua kifuniko cha blenda na kumwaga uji wa moto usoni. Jaza jagi nusu tu, acha tundu la kifuniko wazi, lifunike kwa taulo, na anza kwa mwendo wa chini. Jagi la kioo lililokuwa na baridi lipashe kwanza kwa maji ya uvuguvugu lisipasuke. Saga dakika 2 hadi 3, kwa mafungu, mpaka usisikie chembe ukisugua kati ya vidole.

Kisha chuja kwa kitambaa, kamua kwa nguvu. Wapo wanaochemsha kwanza ndipo wachuje. Inakubalika, ila sufuria hushika zaidi chini. Ukichuja kwanza, kumbuka machicha yaliyobaki ni mabichi, na yapikwe kabla ya kutiwa kwenye mkate au mchuzi. Usiyatupe, yana nyuzi nyingi za mlo na protini kiasi.

Kuchemsha: hapa usikate kona

Soya mbichi ina vizuizi vya tripsini, yaani protini zinazokwamisha kimeng'enya cha kusaga chakula, pamoja na lektini zinazosumbua utumbo. Moto huviua vingi, ila unahitaji muda. Anayekunywa maziwa ya soya yasiyoiva hupata kichefuchefu, kutapika na tumbo kukata, wakati mwingine ndani ya saa moja. Mwaka 2003 maelfu ya wanafunzi wa Haicheng, kaskazini mashariki mwa China, waliugua baada ya kunywa maziwa ya soya shuleni.

Mtego ni povu. Soya ina saponini, kama sabuni ya asili. Maziwa yakifika nyuzi 80 hadi 90 hivi, povu linapanda ghafla na kutishia kufurika, na mpishi anadhani yamechemka, anazima moto. Hayajachemka. Punguza moto, koroga povu lishuke au liengue kwa kijiko, kisha endelea mpaka uone mapovu makubwa ya maji yakipasuka kutoka chini. Kuanzia hapo hesabu dakika 15 hadi 20 za kutokota kwa moto mdogo. Ndiyo sababu ya sufuria kubwa. Kwenye miinuko ongeza muda, kwani kiwango cha kuchemka hushuka takriban nyuzi 1 kwa kila mita 300 za kupanda. Kwa mita 2,000 yatachemka kwenye 93 hivi, basi chukua dakika 25.

Koroga ukikwangua chini kwa mwiko bapa. Yakishika na kuungua, usikwangue sehemu iliyoungua: mimina ya juu kwenye sufuria nyingine na uendelee. Harufu ya moshi ikishaingia haitoki.

Tia chumvi chembe tu mwishoni. Hukata ladha ya maharage kuliko sukari. Poza haraka kwa kuweka sufuria kwenye beseni la maji baridi, kisha weka friji kwenye nyuzi 4. Yatakaa siku 3. Yakikaa nje penye joto zaidi ya saa mbili, usiyanywe; hayana kinga yoyote, na bakteria huyapenda kama wanavyoyapenda maziwa ya ng'ombe. Kutengana kidogo, maji chini na krimu juu, ni kawaida, tikisa. Utelezi, uchachu au kuvutika kama uzi ni kuharibika.

Hatua ya 4: Anza kidogo

Kikombe nusu kwa siku kwa wiki moja, kisha kimoja. Hata baada ya kulowekwa, sukari zile za gesi hazitoki zote, na utumbo huzoea pole pole. Anayerukia glasi tatu siku ya kwanza, akavimba tumbo na kusema "soya hainifai", hakuipa nafasi. Kwa mtu mzima, kikombe kimoja hadi viwili kwa siku ni kiasi kinachotosha kuziba nafasi ya maziwa.

Wanaokunywa ya nyumbani, au ya pakiti isiyoongezewa, waihesabu kalsiamu mahali pengine: samaki wadogo wanaoliwa na mifupa, ufuta uliosagwa, mboga za majani za jamii ya kabichi, au tofu (jibini ya soya) iliyogandishwa kwa chumvi ya kalsiamu. Mchicha una kalsiamu nyingi kwenye jedwali, ila oksalati yake huishika isifyonzwe, kwa hiyo usiutegemee kwa hilo. Kusaga maganda ya mayai na kuyatia kwenye maziwa ni wazo linalozunguka sana. Hujui unaweka kiasi gani, na yasipochemshwa vizuri huleta salmonela.

Soya ina fitati pia, ambayo huzuia sehemu ya madini ya chuma na zinki. Mwenye upungufu wa damu asiyanywe pamoja na mlo wake mkuu wa madini ya chuma. Ayanywe kati ya milo.

Faida kwa moyo, bila chumvi

Kikombe cha maziwa ya ng'ombe yasiyopunguzwa mafuta kina takriban gramu 4.5 za mafuta mazito, yale yanayoganda; cha soya kina nusu gramu hivi, na mafuta yaliyobaki ni laini, yakiwemo ya omega 3 ya mimea. Kolesteroli hakuna. Mwaka 1999 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani, FDA, iliruhusu pakiti ziandike kwamba gramu 25 za protini ya soya kwa siku, ndani ya mlo wenye mafuta mazito kidogo, huweza kupunguza hatari ya ugonjwa wa moyo. Mwaka 2017 mamlaka hiyohiyo ilipendekeza kuiondoa ruhusa hiyo, kwa kuwa tafiti zilizofuata hazikukubaliana. Kinachoonekana ni kushuka kwa kolesteroli mbaya kwa asilimia 3 hadi 4. Ni kidogo, lakini kipo. Na gramu 25 ni vikombe zaidi ya vitatu. Hatushauri kuvifikia kwa kunywa tu. Aliyekuwa anakunywa maziwa yaliyoondolewa mafuta hatafaidika sana kwa kubadili.

Hofu ya homoni

Swali hili huulizwa kuliko yote, hasa na wanaume. Soya ina isoflavoni, kama genisteini na daidzeini, ambazo umbo lake linafanana kidogo na homoni ya kike ya estrojeni. Hushika milango ileile ya seli, lakini kwa nguvu ndogo sana, na hupendelea mlango tofauti na ule estrojeni inaoupendelea zaidi. Kikombe kimoja kina karibu miligramu 25, ingawa hutofautiana sana. Majaribio yaliyojumlishwa pamoja hayakuonyesha kwamba soya hushusha testosteroni kwa wanaume. Kisa kinachonukuliwa mitandaoni ni cha kweli: mwaka 2008 madaktari wa Marekani waliandika kuhusu mwanamume wa miaka 60 aliyevimba matiti. Alikuwa anakunywa karibu lita 3 za maziwa ya soya kila siku, na alipoacha hali ilirudi kuwa ya kawaida. Wanaonukuu kisa hicho mara nyingi huiacha idadi ya lita.

Kwa wanawake waliougua saratani ya matiti, shirika la saratani la Marekani, American Cancer Society, linaona soya ya chakula kuwa salama. Vidonge vya isoflavoni ni suala jingine, kwa kuwa dozi yake ni kubwa na imekolezwa. Hivyo visitumike bila daktari.

Nani asibadili hivihivi

Mtoto aliye chini ya miezi 12 asipewe maziwa ya soya ya pakiti wala ya nyumbani kama chakula chake. Anahitaji ya mama, au maziwa maalumu ya watoto wachanga. Yapo maziwa maalumu ya watoto yaliyotengenezwa kwa soya, nayo ni kitu tofauti kabisa kilichokamilishwa virutubisho. Hata hivyo hayashauriwi kwa watoto waliozaliwa kabla ya wakati. Mwaka 2001 huko Marekani iliripotiwa kuhusu mtoto wa mwaka mmoja na miezi kadhaa aliyepata matege kwa sababu alikuwa akinyweshwa kinywaji cha soya kisichoongezewa kalsiamu wala vitamini D. Wazazi walidhani wanampa kilicho bora.

Baada ya mwaka mmoja, soya isiyotiwa sukari na iliyoongezewa kalsiamu, D na B12 inakubalika. Miongozo ya lishe ya Marekani ya 2020 hadi 2025 iliiweka kwenye kundi moja na maziwa, ikiviacha nje vinywaji vingine vya mimea. Isizidi vikombe viwili, maana tumbo la mtoto likijaa kinywaji, chakula kinakataliwa.

Anayetumia levothyroxine kwa tezi ya shingo (thairoidi) inayofanya kazi kwa udhaifu aitenge dawa na soya kwa saa 4. Soya huzuia dawa isifyonzwe vizuri. Akishazoea kunywa soya, asibadilishe kiasi chake ovyo wiki hadi wiki, la sivyo vipimo vitayumba na daktari atabadili dozi bure. Mwenye tezi nzima na ayodini ya kutosha hana la kuogopa.

Wenye mzio wa chavua ya mti wa betula, unaoota nchi za baridi, wakati mwingine huwashwa mdomo na koo wanywapo soya, na wachache hupata shambulio kali. Kuchanganya unga wa protini ya soya kwa wingi ni hatari zaidi kwao. Mgonjwa wa figo aangalie potasiamu na fosfeti zilizoongezwa kwenye pakiti. Aliyewahi kutoa mawe ya figo ya aina ya oksalati apunguze soya. Anayetumia warfarini, dawa ya kuzuia damu kuganda, amweleze daktari kabla ya kubadili, apimwe upya.

Jikoni

Kwenye keki, uji, supu na sosi badilisha kiasi kwa kiasi. Vitafunwa vya kuokwa vitapata rangi haraka kidogo ikiwa pakiti ina sukari, basi punguza moto. Mtindi wa soya hushika kwa kianzio kilekile cha mtindi, yaani bakteria hai wa mtindi, ila ongeza kijiko cha sukari kwa lita: bakteria hawa hutegemea laktosi, na hapa haipo.

Kukatika kwenye kahawa kuna sababu mbili: tindikali na joto. Protini ya soya hugandamana ikikaribia pH 4.5 (kipimo cha uchachu; namba ikishuka, uchachu umezidi), na kahawa ina pH ya 5 hivi; ongeza joto kali na kalsiamu ya pakiti, mabonge yanatokea. Mimina maziwa kwanza kwenye kikombe, yakiwa ya moto kiasi na si ya friji, kisha mimina kahawa polepole ukikoroga, baada ya kuiacha ipoe dakika moja au mbili. Kahawa iliyokaangwa sana ina uchachu kidogo kuliko iliyokaangwa juujuu, na hukatisha kidogo pia. Chai ya kawaida haileti shida hiyo mpaka utie ndimu. Maziwa yaliyokatika kwa njia hii si mabovu. Yanakera macho tu, na ukiyapitisha kwenye blenda yatanyweka.